Mhariri wa Filamu wa Kazi Zote: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Mhariri wa kazi zote ni nani hasa?

Ni yule anayeweza kukabidhiwa tamthilia wiki hii, tangazo la sekunde 30 wiki ijayo na makala (filamu ya watu na matukio halisi) ya saa nzima mwezi unaofuata, na kila mwenye kazi akapokea kitu kinachofanana na kazi yake, si kinachofanana na mhariri. Wengi hudhani sifa hii inatokana na kujua programu nne. Programu mpya hueleweka ndani ya wiki mbili. Kinachochukua miaka ni kutambua kwamba kila aina ya filamu ina swali lake penye kila mkato, yaani pale shoti moja inapoishia na nyingine kuanza. Tamthilia huuliza: mtazamaji yuko upande wa nani sasa hivi? Makala huuliza: mpaka hapa anajua nini? Tangazo: atakumbuka nini? Vichekesho: atacheka lini, na tumemwachia nafasi ya kucheka? Ukihariri makala kwa swali la tangazo, utatoa picha za kuvutia na mtazamaji asiyeelewa kitu.

Vitu viwili tu huhama nawe kutoka kazi moja hadi nyingine bila kubadilika: mpangilio wa mafaili na sikio. Mwendo huachwa mlangoni.

Je, si afadhali kubobea katika aina moja?

Kubobea hulipa vizuri zaidi pale soko lilipo kubwa. Kwingineko, mhariri wa aina moja hukaa bila kazi miezi kadhaa kila mwaka. Zaidi ya hapo, ujuzi huvuka mipaka. Thelma Schoonmaker aliteuliwa kuwania Oscar kwa kuhariri makala ya tamasha la muziki ya mwaka 1970, kabla hajaishinda mara tatu kwa filamu za kuigiza. Walter Murch alishinda Oscar mbili kwa filamu moja, The English Patient ya mwaka 1996: moja ya uhariri, nyingine ya sauti. Aliyezoea kutafuta ukweli katika saa mia za picha ghafi hujua kuutafuta katika teki ya saba ya mwigizaji, yaani rudio la saba la onyesho lilelile.

Nianze na aina ipi?

Ukipata nafasi ya kuchagua, anza na makala fupi ya dakika 8 hadi 12. Hakuna mswada wa kukuficha. Usipoijenga hadithi, haipo. Baada ya hapo hariri onyesho moja la kuigiza lenye watu wawili wanaozungumza mezani, hata la wanafunzi. Halafu lihariri tena mara mbili, ukimpa mhusika tofauti umiliki wa onyesho kila mara. Toleo la kwanza na la pili yakifanana, bado hujaanza kuhariri, umeunganisha tu.

Je, lazima nisome chuo?

Hapana. Lakini ni lazima upite mahali ambapo mtu mwingine anaona mikato yako na kuikataa. Chuo ni mahali pamojawapo. Chumba cha mhariri mkubwa, ukiwa msaidizi, ni pengine pazuri zaidi.

Mhariri msaidizi hufanya nini siku nzima?

Hufanya kazi ambayo ikikosewa, hakuna ustadi wa mkato utakaoiokoa.

Kadi ikifika kutoka eneo la kupigia picha, hunakiliwa nzima, na folda zake zote kama zilivyo, kwa programu inayolinganisha nakala na asili kwa hesabu ya uhakiki kama xxHash au MD5. Kuburuta faili kwa kipanya hakuhakiki chochote: kebo ikilegea katikati, unaweza kupata faili lenye jina sahihi na nusu ya picha. Nakala ziwe tatu, kwenye vifaa vya aina mbili, na moja ikae jengo lingine. Kadi haifutwi mpaka nakala mbili zimehakikiwa na mtu ametazama mwanzo, katikati na mwisho wa klipu kadhaa.

Kisha majina. Kamera nyingi huanza kuhesabu upya kwenye kila kadi, kwa hiyo siku ya tano utakuwa na mafaili matano yanayoitwa C0001.MP4. Yote yanafunguka, yote ni halali, na hakuna tatizo mpaka siku ya kuunganisha upya mafaili asilia kwa ajili ya rangi, ambapo programu huchukua la kwanza inaloliona. Ghafla mwigizaji anayelia anakuwa gari linaloegeshwa. Dawa ni kuweka namba ya siku, kamera na kadi mwanzoni mwa jina kabla ya kitu kingine chochote: S05_A_K012_C0001. Baada ya proksi (nakala nyepesi za kuhariria badala ya asilia) kutengenezwa, jina haliguswi tena. Kamera zinazogawa klipu moja ndefu katika mafaili kadhaa, au zenye faili la maelezo pembeni, huvunjika zikibadilishwa majina ovyo. Hizo zipe jina la kipekee la kadi ndani ya programu yenyewe.

Baadaye huja proksi, kuoanisha sauti na picha, kugawa klipu kwa onyesho au kwa mhusika, na kuandika maelezo ya teki. Proksi ziwe na kasi ileile ya fremu (idadi ya picha kwa sekunde), taimukodi ileile (namba ya saa, dakika, sekunde na fremu ya kila picha) na idadi ileile ya chaneli za sauti kama asilia. Idadi ya chaneli ndiyo husahaulika, na ndiyo huvunja uunganishaji.

Sauti inaanza sawa na midomo, halafu inaachana nayo kidogokidogo. Kwa nini?

Tazama kwanza tofauti ikoje. Ikiwa ni ileile mwanzo hadi mwisho, klipu imewekwa mahali pasipo pake, isogeze. Ikiwa inakua, kuna kasi mbili zinazogombana.

Sababu ya kwanza ni simu au programu ya kurekodi skrini, ambazo kasi yake ya fremu hupandashuka. Badilisha faili liwe la kasi isiyobadilika kabla ya kuliingiza kwenye mradi. Ukilibadilisha baada ya kuanza kukata, mikato yote itahama. Sababu ya pili ni picha ya fremu 24 kamili kutafsiriwa kama 23.976: tofauti ni sehemu moja katika elfu, yaani sekunde 3.6 kwa saa. Dakika mbili za kwanza huioni. Ya tatu ni vinasa sauti na kamera zilizorekodi kwa muda mrefu bila kuongozwa na saa moja ya pamoja. Hapo unaoanisha tena kila baada ya dakika 20 au 30, ukificha mkato wa sauti kwenye ukimya.

Nahitaji diski ya ukubwa gani?

Piga hesabu, usikisie. Megabiti 100 kwa sekunde ni GB 45 kwa saa. Saa 40 za picha kwa kiwango hicho ni TB 1.8, na nakala tatu ni TB 5.4 kabla hujatengeneza chochote. Proksi za ProRes Proxy za 1080p kwa fremu 25 huchukua takriban GB 17 kwa saa, kwa hiyo saa 40 ni kama GB 680. Ongeza nafasi ya mafaili ya muda, matoleo na sauti, halafu acha asilimia 15 hadi 20 ya diski ikiwa tupu, kwa kuwa diski iliyojaa hupunguza kasi na wakati mwingine huharibu faili la mradi linapohifadhiwa. Fanya kazi kwenye SSD. Weka kumbukumbu kwenye diski za kawaida.

Nimepewa saa 40 za makala. Naanzia wapi?

Anzia kwenye kutazama, yote, kwa kasi yake. Hakuna njia ya mkato hapa. Ukitazama saa 6 kwa siku, ambazo ni nyingi kwa macho ya binadamu, utamaliza siku ya saba. Mteja aliyekupa wiki mbili kwa kazi nzima amekupa siku saba za kuhariri, mwambie mapema.

Ukitazama mara ya kwanza, weka alama pale mwili wako unaposhtuka, unapocheka au unapoegemea mbele. Usisubiri kuchambua. Mshtuko wa mara ya kwanza haurudi, na baada ya wiki sita utakuwa unafanya kazi kwa kuutegemea. Andika neno moja na taimukodi.

Mahojiano yote yaandikwe neno kwa neno yakiwa na taimukodi. Yasome kwenye karatasi na upige mistari, lakini kila sentensi uliyochagua isikilize kabla ya kuiamini: maneno mazuri kwenye karatasi mara nyingi yametamkwa na mtu aliyechoka. Kusanya vipande kwa mada, si kwa mtu. Mkusanyo wa kila mada ukizidi dakika 20, una mada mbili.

Kisha jenga toleo la sauti tupu: maneno ya wahusika yamepangwa kama kipindi cha redio, bila picha za kufunika. Lisikilize ukiwa umefumba macho. Ukichoka, mtazamaji naye atachoka, na picha za ndege isiyo na rubani hazitamwokoa. Ni hapo tu picha zinaingia, na zinaingia kama ushahidi. Mama akisema nyumba ilikuwa tupu, usionyeshe nyumba tupu. Onyesha kitu ambacho hajakisema.

Mkusanyo wa kwanza wa makala ya dakika 60 huwa na saa mbili au tatu. Hilo ni la kawaida. Kazi yote, kutoka kutazama hadi kufunga picha (kukubaliana kwamba mikato haibadilishwi tena), huhitaji wiki 8 hadi 12 kwa mhariri mmoja mwenye msaidizi. Tatizo kubwa la kati ni miisho mingi: filamu inaonekana kumalizika dakika ya 48, tena ya 53, tena ya 58. Chagua mmoja. Mingine ama ihamie katikati, ama ife.

Na tamthilia?

Soma mswada, ufunge, kisha tazama teki zote za onyesho kabla ya kuugusa mstari wa muda, yaani mahali klipu zinapopangwa ndani ya programu. Anza na jicho la yule anayesikiliza, si kinywa cha anayesema. Wahariri wanaotoka kwenye habari hukata kila mara mtu anapofungua mdomo, na matokeo yake ni mchezo wa tenisi. Sauti ya anayeanza kusema itangulie picha yake kwa fremu 8 au 12, au picha yake ibaki kwa msikilizaji mpaka katikati ya sentensi.

Miendelezo ya vitu, kama kikombe kilicho mkono wa kushoto halafu wa kulia, ina uzito mdogo kuliko uigizaji. Mtazamaji akiwa anatazama macho, kikombe hakioni. Akikiona, kuna tatizo kubwa zaidi: hatazami macho. Mstari wa digrii 180, ule wa kufikirika kati ya wahusika wawili ambao kamera hubaki upande wake mmoja, ni tofauti kidogo, maana ukiuvuka bila kukusudia watu hupoteza nani anamtazama nani, na hilo hulihisi hata asiyejua lolote kuhusu filamu.

Jua pia zamu ya nani kuamua. Mkataba wa chama cha waongozaji cha Marekani, DGA, humpa muongozaji wa filamu ndefu wiki 10 za toleo lake kabla ya watayarishaji kuingilia, au siku 1 ya uhariri kwa kila siku 2 za kupiga picha, lolote lililo refu. Pasipo na mkataba wa namna hiyo, uliza siku ya kwanza neno la mwisho ni la nani, na upate jibu kwa maandishi.

Kwa nini vichekesho vyangu havichekeshi?

Mara nyingi umekata mapema mno au umemwonyesha mchekeshaji badala ya anayeshuhudia. Kicheko huja kwenye uso wa yule aliyepatwa. Jaribu kuongeza fremu 6 za ukimya kabla ya jibu, kisha 12, kisha uondoe zote. Mojawapo itafanya kazi. Na usijiamini baada ya kutazama mara ya ishirini. Waite watu watano wasiojua kitu, washa kinasa sauti chumbani, halafu weka rekodi ya vicheko vyao chini ya mstari wa muda. Utaona kicheko kimefunika sentensi iliyofuata, na hapo ndipo pa kuongeza shoti.

Video ya muziki: ni lazima kila mkato uangukie kwenye mdundo?

Hapana, na ukifanya hivyo kwa dakika tatu mtazamaji atakuwa ameshakutabiri kufikia sekunde ya 40. Kata kwenye mdundo pale wimbo unapobadilika, kwingine kata kwenye mwendo wa mwili.

Kuna hesabu ndogo inayowasumbua wengi. Wimbo wa midundo 120 kwa dakika una mdundo kila nusu sekunde. Kwa fremu 24 hiyo ni fremu 12 kamili, lakini kwa fremu 25 ni 12 na nusu, na nusu fremu haipo. Ukinakili mkato wa fremu 12 mfululizo, baada ya midundo 10 umeshauacha wimbo nyuma kwa fremu 5. Weka alama kwa kusikiliza, wala usizidishe. Mkato uliotangulia mdundo kwa fremu 1 au 2 huonekana mkali zaidi kuliko ulioangukia juu yake.

Picha za mwendo wa polepole zilizopigwa kwa fremu 50 ili zichezwe kwa 25 zinahitaji wimbo uwe ulichezwa kwa kasi maradufu wakati wa kupiga. Ikiwa haukuchezwa hivyo, midomo haitalingana kamwe. Zitumie kwa mgongo na miguu.

Matangazo yana ugumu gani, mbona ni mafupi?

Sekunde 30 kwa fremu 25 ni fremu 750, na kila moja ina mtu ofisini anayeitetea. Ugumu mwingine ni matoleo. Urefu wa sekunde 30, 20, 15 na 6, katika maumbo ya 16:9 (pana), 1:1 (mraba) na 9:16 (wima), ni mafaili 12. Kwa lugha mbili ni 24. Toleo la sekunde 6 haliwi la 30 lililokatwakatwa. Lihariri peke yake, kwa wazo moja. Na kabla ya kupunguza picha pana iwe ya wima, hakikisha maandishi na bidhaa vimekaa katikati, la sivyo utamkata mtu uso ili kuokoa nembo.

Jina la kila faili liwe na urefu, umbo, lugha, toleo na tarehe. Neno «mwisho» lisitumike kwenye jina la faili. Kila mtu anajua kilichofuata «mwisho» ni «mwisho_kabisa2».

Habari?

Kasi, na uaminifu. Unaweza kufupisha maneno ya mtu, huwezi kuyageuza maana kwa kuondoa «lakini». Picha ya zamani iandikwe tarehe yake.

Programu ipi nijifunze?

Avid Media Composer kwa filamu ndefu na tamthilia zenye wahariri wengi, kwa sababu hugawana mradi mmoja bila kugongana. Adobe Premiere Pro kwa matangazo na kazi za mtandao. DaVinci Resolve kwa anayehariri na kurekebisha rangi mwenyewe. Final Cut Pro kwa kazi za haraka za mtu mmoja. Jua moja kwa undani na ya pili kiasi cha kutoaibika. Vitufe vya kibodi vipange vifanane kwenye programu zote. Mkono ukishazoea, akili hubaki kwenye picha.

Je, niweke muziki wa muda wakati wa kuhariri?

Kwa tahadhari. Muziki mzuri huficha onyesho bovu, na muongozaji akiusikia wiki tano atakataa kila atakacholetewa na mtunzi. Hariri onyesho likiwa kavu mpaka lisimame lenyewe. Ukilazimika, badilisha muziki wa muda kila wiki ili asiuzoee mmoja.

Muongozaji anasema «hapa pamepoa». Nifanyeje?

Mtu akitaja mahali panapouma, mara nyingi ugonjwa uko nyuma yake. Onyesho la dakika ya 30 likipoa, tazama la dakika ya 22: huenda tayari lilishatoa habari ambayo la 30 linairudia. Kabla ya kuongeza kasi ya mikato, jaribu kuondoa onyesho zima na utazame kama kuna kitu kimepotea. Hifadhi toleo lililopita, fanya alichosema hasa, halafu fanya unachodhani alimaanisha, umwonyeshe vyote viwili bila kumwambia kipi ni chako.

Maoni yakija kutoka kwa watu wanne yanayopingana, usiyatekeleze. Yarudishe kwa mtu mmoja ayafanye orodha moja.

Picha imefungwa. Nakabidhi nini, na kwa nani?

Kwa mtu wa rangi: faili la XML, AAF au EDL (orodha za mikato ambazo programu nyingine huweza kuzisoma), pamoja na video ya kumbukumbu yenye taimukodi iliyochomwa juu ya picha. Shusha klipu zote kwenye tabaka moja kadiri inavyowezekana, futa zilizozimwa, na uorodheshe kwa mkono kila klipu iliyobadilishwa kasi, kukuzwa au kuwekewa athari. Hizo ndizo hazisafiri vizuri kutoka programu moja hadi nyingine.

Kwa mtu wa sauti: AAF yenye ziada ya sekunde 2 hadi 5 kila upande wa mkato, ili apate pa kuunganishia. Mazungumzo, athari na muziki vikae kwenye njia zake, bila kuchanganywa. Mpe pia sauti ya ukimya wa kila eneo, bila mtu kusema, angalau sekunde 30. Ikiwa haikurekodiwa, itafute kwenye mapengo kabla muongozaji hajasema «kata». Filamu ikianza 01:00:00:00, weka mlio wa fremu moja wa 1 kHz kwenye 00:59:58:00, sekunde mbili kamili kabla ya picha ya kwanza. Bila mlio huo, kila atakayeoanisha sauti na picha atakuwa anabahatisha.

Picha iliyofungwa ikifunguliwa tena, na itafunguliwa, toa orodha ya mabadiliko yenye taimukodi ya zamani na mpya. Kuhamisha fremu 10 kimyakimya huharibu kazi ya siku tatu ya mtu mwingine.

Kwa nini vituo vya televisheni hurudisha mafaili?

Sauti inaongoza. Kiwango cha Ulaya, EBU R128, ni −23 LUFS (kipimo cha ukubwa wa sauti kwa wastani) na kilele kisichozidi −1 dBTP (kipimo cha kilele halisi). Cha Marekani, A/85, ni −24 LKFS, kipimo kilekile kwa jina lingine. YouTube hushusha kinachozidi takriban −14 LUFS. Filamu moja haiwezi kuwa na mchanganyiko mmoja kwa sehemu zote. Soma waraka wa mpokeaji kabla ya kuchanganya sauti.

Kisha fremu nyeusi moja iliyosahaulika kati ya klipu mbili, maandishi yaliyo karibu mno na ukingo, na manukuu yanayopita kasi ya kusoma: mistari isizidi 2, herufi 42 kwa mstari ni kikomo cha kawaida, na manukuu yakae skrini angalau sekunde moja. Mimuliko nayo ni hatari halisi. Desemba 1997, huko Japani, mamia ya watoto walipelekwa hospitalini baada ya kipindi cha katuni kumulika nyekundu na buluu kwa kasi. Mimuliko inayozidi 3 kwa sekunde ikifunika sehemu kubwa ya skrini, tarajia faili kurudi.

Tazama faili la mwisho lenyewe, mwanzo hadi mwisho, nje ya programu ya kuhariri. Si mstari wa muda. Faili.

Akili bandia itachukua kazi hii?

Imeshachukua sehemu zake: kuandika mahojiano, kuoanisha, kutafuta klipu kwa maelezo, kusafisha kelele. Inapokosea ni kwenye kukata ukimya. Hufuta pumzi, kusita na kumeza mate, yaani mahali ambapo mtu alikuwa anaamua kusema ukweli. Majina ya watu na lafudhi pia yahakikiwe kwa sikio.

Sampuli zangu ziweje?

Mkusanyo wa sekunde 90 wenye muziki mkali huonyesha kazi ya mpiga picha. Mhariri aonyeshe maonyesho mazima: moja la mazungumzo, moja la makala, moja la mwendo, kila moja dakika 1 hadi 3. Yagawe kurasa tofauti kwa aina, kwa kuwa mtayarishaji wa makala akifungua na kukuta tangazo la sabuni hafungui la pili. Kazi isiyotoka hadharani haiwekwi bila ruhusa ya maandishi.

Nitoze vipi, na mkataba useme nini?

Hesabu siku: kutazama, kukusanya, matoleo, marekebisho, kukabidhi. Zidisha kwa bei yako ya siku, ongeza vifaa na diski, kisha asilimia 15 hadi 20 ya yasiyotarajiwa. Bei ya jumla bila idadi ya siku ndiyo huwafilisi wahariri. Kazi ikiwa ya aina usiyoizoea, ongeza idadi ya siku kwa theluthi moja, na usimtoze mteja hiyo ziada. Ni karo yako.

Mkataba utaje raundi za marekebisho, kwa kawaida 3, na ueleze raundi ni nini: orodha moja, kutoka kwa mtu mmoja, siku moja. Utaje malipo ya awali ya asilimia 30 hadi 50, malipo ya kati kwenye toleo la kwanza, na salio kabla ya faili lisilo na alama ya ulinzi juu ya picha. Utaje jina lako litaandikwaje mwishoni, kazi ikisitishwa unalipwa nini, na diski zitatunzwa muda gani baada ya kukabidhi. Pia utaje kama faili la mradi ni sehemu ya mauzo. Wateja wengi hudhani ndiyo, wahariri wengi hudhani siyo, na ugomvi huanza mwaka mmoja baadaye mtu anapotaka kubadilisha nembo.

Mgongo na macho vinauma. Ni kawaida?

Ni kawaida, lakini si lazima. Kila dakika 20 tazama kitu kilicho mita 6 mbali kwa sekunde 20. Viwiko vilingane na meza, kipanya kihamie mkono wa pili au kibadilishwe na kalamu mara kifundo kinapoanza kufa ganzi. Usihariri kwa sauti kubwa kutwa. Sikio lililochoka huongeza sauti za juu bila kujua.

Nimepewa aina ambayo sijawahi kuifanya. Nikubali?

Mwombe mteja filamu tatu anazotamani yake ifanane nazo. Ingiza moja kwenye programu, weka alama kwenye kila mkato wa dakika tano za kwanza, na ugawe sekunde 300 kwa idadi ya shoti. Ukipata wastani wa sekunde 3 au wa 9, umeshajua mwendo unaotarajiwa. Halafu tazama tena bila sauti, na mara ya tatu usikilize bila picha, uandike ni wapi sauti inatangulia, wapi muziki unaingia na wapi umenyamaza. Ni kazi ya siku moja.

Omba uhariri onyesho moja la majaribio kwa malipo ya siku mbili, kabla ya kusaini kazi nzima. Kataa ikiwa kazi inatakiwa ndani ya muda ambao hata mzoefu wa aina hiyo angeukataa, au ikiwa picha ghafi hazina sauti safi na hakuna fedha za kuirekodi upya.